Msimu Niliokinywesha Kisiki Pombe

Nimeacha kazi. Kazi yenyewe ilidumu kiangazi kimoja, tangu mahindi yalipoingia ghalani hadi mvua za kwanza zilipoanguka milimani, pamoja na siku moja ya ziada baadaye, na siku hiyo ndiyo iliyoniponza. Nilikuwa msichana wa picha zinazotembea. Katika ufuko wote huu wa kaskazini wa ziwa sijasikia mwingine aliyewahi kuifanya kazi hii, kwa hiyo sina wa kumkabidhi vyombo. Lakini Bwana aliyeniajiri alisema wenzake watakuja na visanduku vyao, nao watatafuta wasichana. Basi nakuandikia wewe utakayeitwa. Naandika polepole. Nilisoma madarasa manne katika shule ya misheni, kalamu yangu humwaga wino, na mume wangu kila akipita huniuliza nimefika wapi. Nimefika hapa.

Habari za ujira nitaziacha. Nilipewa nguo na chumvi. Nguo imechakaa na chumvi imeliwa.

Kabla ya yote ujue jambo moja, maana bila hilo utadhani mimi ni mpumbavu. Wakati ule nilikuwa mchumba wa Ambakisye wa Ikolo. Kwetu msichana akishaposwa, hamwoni tena baba wa mume wake, wala baba huyo hamwoni yeye. Wakikutana njiani, msichana hujifunika nguo kichwani na kuingia kwenye majani, na mzee hugeuka pembeni mpaka apite. Jina lake halitajwi, na hata hapa siliandiki. Kwa Kinyakyusa, lugha ya watu wa Ikolo, ni ukutila. Si chuki, ni heshima, ingawa heshima hiyo inachosha miguu. Msichana akivunja jambo hilo kabla ya harusi, ng'ombe walioletwa kwao hurudishwa. Na ng'ombe wangu hawakuwapo tena. Kaka yangu alikuwa amewapeleka Ipyana akaolea mke. Kama wangedaiwa, zingevunjika ndoa mbili: yangu ambayo haijaanza na yake ambayo tayari ina mtoto. Mzigo huo niliubeba kichwani msimu mzima, juu yake nikabeba na vyungu.

Siku yangu ya kwanza kazini sikujua kuwa ni siku ya kwanza. Ilikuwa siku ya soko la vyungu pale Lyulilo. Sisi ni Wakisi, na mama yangu ni mfinyanzi. Bwana alikuja na wapagazi kutoka Bomani, akasimamisha kisanduku cha mbao juu ya miguu mitatu mbele ya akina mama, akaanza kuzungusha mkono wake wa chuma. Akina mama wote walikauka. Mzungu mwingine aliwahi kuwapiga picha zamani akawaonya wasipumue, nao walikuwa na kumbukumbu nzuri. Bwana alizungusha, wao hawakupumua. Akawapungia mikono, hawakupumua. Mimi peke yangu nilisogea, kwa sababu nilikuwa natafuta mahali pa kujificha. Nilijaribu nyuma ya mama, nikajaribu nyuma ya mtungi, kisha nikajifunika uso na kukimbilia kwenye matete.

Bwana alifurahi sana. Alimtuma mnyapara wake aniite. Aliniajiri kwa sababu naona haya, na tangu siku hiyo hadi mvua zilipokuja kazi yake ilikuwa kuniambia niache kuona haya. Nimelifikiria jambo hilo mara nyingi nikipepeta mpunga, na sijalipatia maana.

Kiswahili cha Bwana kilikuwa kidogo, lakini neno moja alilijua vizuri: tena. Alilisema akiwa amekasirika, alilisema akiwa amefurahi, alilisema kwa mpishi na kwa mbwa. Ufuko mzima ukamwita Bwana Tena.

Aliyenifundisha kazi ni yule mnyapara, Mzee Feruzi, mtu wa pwani mwenye mvi, aliyekuwa amezunguka na Bwana nchi nzima. Yeye ndiye aliyekuwa mkalimani, ndiye aliyetunza kisanduku, na mtu wa kufa pichani akikosekana, alikufa yeye.

"Nimekufa mara tatu," aliniambia siku ya pili. "Mara moja kwa simba, mara moja kwa mshale. Ya tatu Bwana alisahau kuniambia nimekufa kwa nini."

"Sasa ulifanyaje, Mzee?"

"Nikafa kwa tumbo. Tumbo linafaa kila mahali."

Alinifundisha vyombo. Ndani ya kisanduku mna utepe mrefu, na utepe huo jua likiuona kabla ya wakati wake umekufa. Bwana huzungusha mkono huku akiimba kimoyomoyo ili mwendo usibadilike. Mbu akimuuma shingoni, mkono unaharakisha, na huko kwenye picha sisi sote tunakimbia kama tumeiba. Kwa hiyo ukiona mbu ametua juu ya Bwana, punguza mwendo wako mwenyewe. Utepe ukijaa hufuliwa ndani ya hema lililozibwa kwa mablanketi, kwa maji ya kijito cha mlimani, maana maji ya ziwa ni ya vuguvugu. Maji hayo tuliyabeba sisi. Kwa wiki nzima tulidhani Bwana anayanywa, tukamwonea huruma.

Hadithi ya picha aliitunga Bwana mwenyewe. Msichana mfinyanzi anampelekea malafyale, yaani mfalme wa nchi, chungu cha kimpumu, pombe yetu ya ulezi. Malafyale anakunywa, anaugua, anakufa. Watu wanasema msichana ameweka sumu. Msichana anakimbilia kwenye mtumbwi na kuzama ziwani. Nilimwuliza Feruzi kama kweli niliweka sumu.

"Bwana hajaamua," alisema.

Mama alikuwa na swali lake. Bwana alikuwa amenivalisha ngozi ya mbuzi na majani ya mgomba, akalikunja gauni langu la shule na kuliweka sandukuni.

"Hayo ni mavazi ya wapi?" mama aliuliza.

"Bwana anasema ni ya kwenu, ya zamani," alijibu Feruzi.

"Zamani ya nani? Bibi yangu hakuvaa hivyo, na mbuzi yule namjua. Juzi tu alikuwa anakula majani yangu."

Sasa alitakiwa malafyale. Malafyale wa kweli aliombwa akakataa, akasema hana nafasi ya kufa. Bwana alikwenda bondeni kutafuta mtu mwenye umbo, kwa kuwa alisema sisi wa ufukoni ni wembamba. Alirudi baada ya siku tatu akiwa na uso wa furaha. Alikuwa amempata mtu mzima mwenye kitambi cha heshima, ndevu nzuri na sauti. Mtu huyo hakuuliza msichana ni nani. Aliambiwa ni mfinyanzi, na wafinyanzi ufukoni ni wengi kama dagaa. Wala mimi sikuuliza malafyale ni nani. Hapo palihitaji swali moja tu, la upande wowote, na wewe unayesoma usije ukarudia kosa hilo.

Asubuhi ile nilitwishwa chungu chenye mrija wa kunywea, nikaelekezwa njia kati ya migomba. Bwana alianza kuzungusha. Nilitembea kama nilivyofundishwa, macho chini, hatua ndogo. Nikafika kwenye uwazi, nikainua macho. Juu ya kigoda, na manyoya ya kanga kichwani, alikuwa ameketi baba yake Ambakisye.

Sikufikiri. Hakuna msichana wa huku ambaye angefikiri. Nguo ya kujifunika sikuwa nayo, nilikuwa na majani ya mgomba, nikajifunika hayo na kujitupa kwenye matete. Chungu kilibaki hewani kidogo, kisha kikavunjika. Upande wa pili nikasikia kigoda kikianguka. Naye, alipoona nimejifunika, alikuwa amegeuka, amesimama akiitazama migomba, mgongo kwetu, manyoya yakitikisika.

Kisha Bwana akauliza, "Amekufa?"

"Hapana, Bwana," alisema Feruzi. "Ana adabu."

"Tena," alisema Bwana.

Bwana alikuwa na barua ya Boma iliyosema asaidiwe, na barua haikusema asaidiwe mpaka wapi. Tulifanya tena. Nilijaribu kutembea nimefumba macho, nikagonga mgomba. Nilijaribu kutembea kinyumenyume. Kila mara miguu yangu iliingia matete kabla sijaiambia, na kila mara chungu kikaenda chini. Mama alikuwa amekaa pembeni akivihesabu.

"Hicho cha tano," alisema. "Mwambie Bwana wako akavunje vya mama yake."

"Anasemaje?" Bwana aliuliza.

"Anasema udongo wa huku ni mwepesi kuvunjika, Bwana," alisema Feruzi.

Baba yake Ambakisye naye, bado akiitazama migomba, aliuliza kwa sauti yake kubwa, "Huyu mtoto ni wa nani?"

"Ni Sekela, mchumba wa Ambakisye wako," alijibu mpagazi mmoja wa Ikolo.

"Na hukuniambia njia nzima?"

"Hukuniuliza, baba. Njia nzima ulikuwa unauliza utavaa nini."

Mtu mwingine angevua manyoya akaenda nyumbani. Lakini yeye hakuwa malafyale. Alikuwa mkulima mwenye ng'ombe wengi na ndizi nyingi, na kwa mara ya kwanza maishani mwake watu walikuwa wamemwinamia. Niliona kwa jinsi mgongo wake ulivyokaa kwamba hatakwenda.

Aliyetuokoa ni Feruzi. Palikuwa na kisiki cha mkuyu, kimo cha mtu aliyeketi. Feruzi aliwatuma wapagazi wakikate mizizi na kukisimika mahali pa kigoda. Akamweleza Bwana hivi: asubuhi msichana atakipa kisiki pombe, na jua likihama mzee atakuja kuketi palepale na kupokea chungu kutoka kwenye mti wenye panda. Hawataonana hata kidogo. Bwana akampiga Feruzi begani. Nilidhani amekubali kwa ajili ya adabu zetu. Baadaye nilijua kwamba alikubali kwa ajili ya jambo jingine.

Basi ndivyo tulivyofanya kazi. Feruzi alikuwa na filimbi. Ikilia mara moja, mimi naondoka. Ikilia mara mbili, baba mkwe anakuja. Kati ya filimbi na filimbi hapakuwa na mtu ila kisiki. Wazee wa pande zote mbili walikuja kuangalia utaratibu ule, wakasema hauna doa.

Lakini kisiki si mtu rahisi kufanya naye kazi. Nilipiga magoti mbele yake asubuhi baada ya asubuhi, nikamnyooshea chungu, nikaelekeza mrija mahali ambapo mdomo ungekuwa. Bwana alitaka niogope. Nilipoogopa, alitaka niogope na kupenda. Siafu walikuwa wameshakaa ndani ya mizizi, nao walipanda magoti yangu wakati ninapopenda.

"Tena," alisema Bwana.

"Anataka nini sasa?" nilimwuliza Feruzi.

"Anasema uso wako umelala. Fikiri mbele yako yuko baba mkwe."

"Baba mkwe simwangalii, Mzee. Kisiki kipo hapa kwa sababu hiyo."

"Ndiyo. Basi fikiri ni mimi, nimekula samaki wako wote."

Hilo lilisaidia kidogo. Alinifundisha mengine pia: usitazame kisanduku, kitazame kama unavyomtazama mgeni anayekula, yaani ujue yuko wapi bila kumwangalia. Usimalize jambo upesi. Ukishika chungu, kishike kama kina kitu, hata kikiwa kitupu. Ukikosea, endelea, maana Bwana huenda alikuwa amepigwa na mbu na hakuona.

Mchana, nikiwa nimekaa na mama tukisugua vyungu kwa kokoto, tulimsikia mzee akifa ng'ambo ya matete. Alianza na kikohozi, akaenda kwenye mlio kama wa ndama, akamaliza na maneno marefu ya kuwaaga ng'ombe wake mmoja mmoja kwa majina. Kisanduku hakishiki sauti. Feruzi alimweleza hivyo mara mbili. Naye akasema haidhuru, ng'ombe watajua.

Ambakisye alikuja kututembelea siku moja, akakaa na mama akitafuna muwa.

"Baba anakufa vizuri siku hizi," alisema. "Nyumbani anafanya mazoezi wakati wa kula. Mama amechoka. Jana alimwambia, kufa basi, tuondoe vyombo."

Nilicheka. Nilikuwa sijacheka tangu kazi ianze.

Kuzama kulikuwa kwa mwisho. Sisi Wakisi tunaogelea kabla ya kutembea vizuri, na mwili wangu ulikataa kabisa kuzama. Niliruka kutoka mtumbwini, nikaibuka. Nikashika jiwe, nikaibuka bila jiwe. Bwana alikuwa majini hadi kiunoni na kisanduku chake, amekuwa mwekundu, na neno lake alilisema hata nikaacha kulisikia. Mwisho Feruzi akaniletea agizo jipya. Kabla ya kuzama, mara hii moja tu, nikitazame kisanduku. Nikitazame jichoni, macho wazi, bila kupepesa, mpaka maji yafunike. Nilikuwa nimechoka hata haya zilikuwa zimenitoka. Nilikitazama. Nilikitazama kwa hasira yote ya msimu mzima, kwa vyungu vyote na siafu wote. Bwana hakusema tena. Alitoa kofia.

Kesho yake mvua ilinyesha, akaondoka.

Alirudi mpunga ulipokuwa umeanza kukauka, na harusi yangu ilikuwa imepangwa baada ya mavuno. Picha ilikuwa tayari. Alipewa banda la mfanyabiashara mmoja wa mpunga huko Ikolo, akaziba madirisha kwa mikeka hadi mchana ukawa giza mle ndani, akawasha karabai nyuma ya mashine yake na kutundika shuka jeupe. Watu wa bondeni na wa ufukoni waliitwa wote. Swali lilikuwa mimi na mzee tutakaaje. Ambakisye ndiye aliyepata njia. Shuka litundikwe katikati ya banda, wanaume wakae upande wa mashine, wanawake upande wa pili, maana picha huonekana pande zote mbili za shuka. Bwana alikubali. Wazee walikagua, wakasema nao utaratibu huu hauna doa. Sasa nikisikia neno hilo natafuta nguo ya kujifunika.

Picha ikaanza. Niliona chungu cha mama kikubwa kama nyumba. Nikaona mikono yangu, kisha nikajiona mwenyewe nikitembea. Nilijua sasa natembeaje, na hakuna aliyewahi kuniambia. Akina mama waliguna vizuri. Nikapiga magoti kwenye shuka, nikanyoosha chungu. Nikangoja kisiki.

Kisiki hakikuja. Akaja yeye, manyoya kichwani, akainama, akauchukua mrija, akatabasamu. Kisha mimi, nikimtazama. Kisha yeye, akinitazama. Kisha mimi. Jambo alilolitenganisha Feruzi kwa filimbi, Bwana alikuwa amelikata kwa mkasi na kuligundisha, mara yake, mara yangu, mpaka tukawa uso kwa uso mbele ya nchi nzima.

Wanawake waliokaa karibu nami waliondoa mikono yao begani mwangu.

"Sekela," alisema mama polepole. "Uliniambia ni kisiki."

"Ni kisiki, mama. Ulikuwapo."

"Nilikuwapo. Lakini hiki kina ndevu."

Picha ikaenda hadi ziwani, na macho yangu yakaja kwenye shuka, makubwa kama nyungo mbili, yakitazama moja kwa moja bila kupepesa. Mzee alikuwa amekaa mbele kabisa, kama malafyale anavyostahili. Nilisikia akiinuka. Nyuma yake watu walikuwa wamebanana na mashine inawaka. Mbele yake nilikuwepo mimi, nimejaa shuka zima. Alifanya kama ambavyo kila mzee wa huku angefanya: alifunika uso na kukimbilia mahali pa karibu pa kujificha. Aliinua pindo la shuka akaingia chini yake, akatokea upande wetu, akafunua uso ili aone njia. Na mimi nilikuwa nimeketi hapo hapo, mdomo wazi, kipande cha muwa mkononi.

Tulitazamana. Kwa kipimo cha Bwana ilikuwa kama mizunguko sita ya mkono. Kisha mimi nikavuta mkeka nikajifunika, na yeye akatoka mlangoni kwa kukimbia, na mlango haukuwa mpana.

Picha ikaisha. Nyuma ya mashine Bwana hakuwa ameona kitu, alisikia kimya tu akadhani ni sifa.

"Tena?" aliuliza.

Wazee wa Ikolo walikaa kesho yake asubuhi. Baba mdogo wa Ambakisye alianza. Alisema nchi nzima imeona msichana akimpa baba mkwe pombe mkononi na kumkodolea macho, na kama hiyo si kuvunja heshima basi hakuna heshima. Ng'ombe warudi. Kaka yangu alikuwa amesimama nyuma na mtoto wake begani. Nilitamani aseme neno.

Ambakisye alisema ni kazi tu. Wakamwambia anyamaze, yeye ni mchumba, macho yake hayafai kwa ushahidi.

Ndipo Feruzi alipofika, na nyuma yake wapagazi wanne waliobeba kisiki. Walikuwa wametembea nacho toka alfajiri kutoka ufukoni na walikuwa na maneno makali juu ya jambo hilo. Kikasimamishwa katikati ya baraza.

"Shahidi huyu alikuwapo kila siku," alisema Feruzi. "Mwacheni msichana aonyeshe."

Mzee alikuwa ndani ya nyumba, nyuma ya ukuta wa mianzi, ili asinione. Mimi nilipewa chungu. Sijawahi kuona haya kama siku ile. Hapakuwa na kisanduku cha kujificha nyuma yake, wala mbu wa kumsingizia. Nilitembea kati ya wale wazee, macho chini, hatua ndogo. Nilipiga magoti. Nilikinyooshea kisiki chungu, nikaelekeza mrija mahali pake, nikakitazama. Na safari hii hofu ilikuwa ya kweli, na kitu kingine nacho kilikuwa cha kweli, maana Ambakisye alikuwa amesimama nyuma ya kisiki. Bwana angekuwapo angetoa kofia. Hakuwapo, alikuwa anafunga mizigo.

Dada mkubwa wa mzee, bibi mwenye fimbo ambaye neno lake ndilo humaliza mashauri pale, aliinuka. Alikizunguka kisiki chote. Alikigusa kwa fimbo. Akainama akachungulia mrija unaelekea wapi.

"Huyu hana ndevu," alisema, akakaa.

Baba mdogo akasema, haya, na macho ya jana? Pale nyuma ya shuka hapakuwa na kisiki.

"Aliyeinua shuka ni nani?" aliuliza bibi. Akaugeukia ukuta wa mianzi. "Nauliza, aliyeinua shuka ni nani?"

Ukuta ulikohoa.

"Ni mimi, dada."

"Basi wewe ndiye uliyemwendea, si yeye. Toa ndama, mama yake Sekela achukue, yaishe. Na msichana aache kazi hiyo leo."

Niliacha palepale, mbele ya watu, nikiwa bado nimepiga magoti. Mama alisema afadhali, vyungu vimekwisha. Kaka alimshusha mtoto begani akaketi chini yeye mwenyewe. Wapagazi walipoambiwa warudishe kisiki ufukoni walikataa kwa umoja, kwa hiyo kikabaki.

Hiyo ndiyo kazi yangu yote. Kwako wewe utakayeitwa nina ushauri mchache. Uliza mapema nani mwingine yumo. Beba nguo yako ya kujifunika, usitegemee majani ya mgomba. Usiamini kwamba ulichofanya asubuhi kitakaa mbali na alichofanya mwingine jioni. Bwana ana mkasi. Na mtafute Feruzi, kama hajafa kwa tumbo.

Nimeolewa Ikolo sasa. Nyumba yetu iko upande mmoja wa migomba, ya baba mkwe upande wa pili, na mahali njia zinapokutana kimesimikwa kisiki. Siku za kimpumu mimi ndiye ninayepika, na desturi ni mkamwana kumpelekea baba mkwe. Naweka chungu juu ya kisiki, naelekeza mrija, napiga filimbi mara moja ambayo Feruzi aliniachia, naondoka. Ndipo yeye anakuja.

Mwezi uliopita alimtuma Ambakisye aniulize jambo. Yeye alitoka bandani kabla ya mwisho wa picha, na hajapata mtu wa kumwamini: je, alikufa vizuri? Nilimwambia Ambakisye amjibu kwamba kufa kwake kulitangulia kuzama kwangu, alikuwa amekaa mbele kabisa, kwa nini hakuona. Ambakisye akarudi na jibu. Baba anasema alikuwa amefumba macho kwa haya.

Nikamwambia ampelekee neno kwamba alikufa vizuri sana, na kwamba ng'ombe walijua.

Tangu hapo tumekuwa na utaratibu. Akinywa akatosheka, huulaza mrija juu ya mdomo wa chungu. Akitaka zaidi, huuacha umesimama. Leo asubuhi nilikwenda kukichukua chungu, nimechoka, mgongo unauma, wino umeganda vidoleni. Mrija ulikuwa wima.

Tena.